Mjadala: Anayefuatilia visasili kwa kamera ni mwanahistoria?

Mwalimu Mstaafu, Lindi: Ndugu zangu, Michael Wood wa Uingereza alijipatia sifa mwaka 1985 kwa vipindi vya televisheni vilivyoitafuta Vita ya Troya ya visasili vya Wagiriki katika magofu ya Hisarlik, Uturuki, na mwaka 2005 akawafuatilia Malkia wa Sheba na Mfalme Arthur wa ngano za Waingereza. Baadaye Chuo Kikuu cha Manchester kilimpa uprofesa. Kwangu mimi huyo ni msimulizi hodari tu, kwa sababu huanza na hadithi ndipo atafute ushahidi. Tukimwiga huku kwetu, ambako wazee hawaishi kutia chumvi, watoto watakariri ngano wakidhani ni historia.

Mwana wa Kivinje: Shikamoo, mwalimu. Troya tuiweke kando. Ni mzee gani aliyetia chumvi? Sisi tumesimuliwa kwamba Ali bin al-Hasan, sultani Mshirazi aliyesemekana kutoka Uajemi, alikinunua Kilwa Kisiwani kwa mtawala Muli, akalipa nguo za kutosha kukizunguka kisiwa kizima. Habari ya kununua kwa nguo imo hata katika kitabu cha Mreno João de Barros kilichochapwa mwaka 1552. Je, naye alitiwa chumvi na bibi yangu?

Binti Mikindani: Kaka, kuandikwa zamani si kuthibitishwa. Ninachokubali ni sarafu za shaba za Kilwa, ambazo upande mmoja zina jina la Ali bin al-Hasan na upande wa pili maneno ya kumtegemea Mola, tena yenye vina. Hizo zinamthibitisha mtu, wala hazisemi lolote kuhusu nguo. Isitoshe, kitabu cha kale cha historia ya Kilwa kinamweka katika karne ya 10, ilhali mwanaakiolojia Neville Chittick, aliyechimba kisiwani miaka ya 1960, alimsogeza hadi karibu na mwaka 1200, na wapo waliompinga baadaye. Pengo kama hilo ndilo linalofaa kupigwa picha, msimulizi akiwa kando ya shimo la wachimbaji, na ndiyo kazi aliyoifanya Wood kule Hisarlik.

Mkorosho wa Newala: Watu wa Kilwa mna bahati, kila mjadala huishia kwa Washirazi wenu. Muli aliyeuza kisiwa alikuwa mwenyeji, lakini sijawahi kusikia mtu akijitapa kuwa ni mjukuu wake.

Mwana wa Kivinje: Umenigusa pabaya, ndugu yangu. Muli hakuwa mjinga wa kuuza kwao kwa vitambaa, kwani masimulizi hayohayo yanasema alirudi kukitwaa kisiwa, akakuta mkondo uliokuwa ukivukwa kwa miguu maji yakipwa umekwisha kuchimbwa. Anayetaka kuitengeneza filamu hiyo aanzie upande wa bara, kwa Muli.

Mwalimu Mstaafu, Lindi: Marahaba, kijana wangu. Mbona sasa wewe ndiwe unayechagua sehemu ya hadithi inayokupendeza?

Mwana wa Kivinje: Nimechagua pa kuanzia, mwalimu. Neno la chumvi bado hujalifuta.