Mwalimu kamkosesha mwanangu grafu ya mstari ulionyooka kabisa. Nianzie wapi?

Baba Binti (mwanzisha uzi)
Wakuu, habari za jioni. Kuna jambo linaninyima usingizi. Binti yangu alipewa kazi ya kuchora grafu ya 3x − 2y = 6. Kachora kwa rula, penseli imechongwa vizuri, mihimili yote miwili ina namba, mraba mmoja kwa kila kizio. Mstari umenyooka. Daftari limerudi na kosa la wino mwekundu ukurasa mzima na neno moja tu: "Rudia." Hakuna maelezo. Tangu arudi hataki hata kulifungua, anasema hesabu si zake. Nilikaa naye mwenyewe kwenye hiyo kazi, kwa hiyo najua tulichofanya. Kesho nataka kwenda shuleni. Nianze na mwalimu wa somo au nipande moja kwa moja kwa mkuu wa shule?

Kalamu Butu
Anza na mwalimu wa somo. Kumruka mtu ni kumvunjia heshima, na mtoto ndiye atakayebaki naye darasani ukishaondoka. Nenda kwa upole, mkuu.

Mama Pacha
Pole baba. Mimi wangu alinyimwa alama kwa sababu hakuandika x na y kwenye ncha za mihimili. Herufi mbili tu! Nililalamika mpaka nikachoka. Walimu wengine wanasahihisha kama wanakimbizwa.

Msomaji Mkongwe
Swali kubwa zaidi ni kama tunawaeleza watoto haya mambo ni ya nini. Mwanahisabati Descartes alipochapisha jiometri yake mwaka 1637, na mwanahisabati mwenzake Fermat naye akiwa kwenye wazo hilohilo miaka ileile, kilichofanyika ni kikubwa mno: mlinganyo ukawa kitu cha kuonekana kwa macho. Kila nukta ya mstari ni jozi ya namba inayoutimiza mlinganyo, na kila jozi inayoutimiza iko kwenye mstari. Mtoto akilijua hilo hawezi kuichukia grafu.

Rula
Baba Binti, hujasema mstari umepita wapi. Kunyooka ni kazi ya rula. Taja nukta.

Baba Binti
Unakata mhimili wa y kwenye 3, na mhimili wa x kwenye 2. Nukta mbili zinatosha kuchora mstari, hilo halina ubishi, hata vitabu vinasema.

Fundi Mbao
Zinatosha kuchora, sawa. Mimi nikipiga misumari miwili na kuvuta kamba, kamba itanyooka tu hata kama msumari mmoja nimeupiga pasipo pake. Alama ya tatu ndiyo inayonisema. Kuna mlango nilikuja kuubandua wote kwa kuipuuza alama hiyo, na mwenye nyumba alikuwa amesimama hapohapo.

Rula
Kwa hiyo jedwali lenu lilikuwa na nukta mbili tu?

Baba Binti
Zilikuwa tatu. Tulichukua x kuwa 0, 2 na 4. Ya tatu ilitoka (4, 3) ikakaa pembeni, ukiziunganisha zote unapata umbo la V. Mlinganyo huu ni wa mstari, na mstari haukunji kona, kwa hiyo nilimwambia aifute. Sioni kosa hapo. Na niseme tu ukweli: barua ya malalamiko nimeshaiandika, iko ndani ya begi lake.

Mama Pacha
Ehee! Hayo ndiyo ungeanza nayo.

Mwalimu Mstaafu
Ndugu yangu, uliyoifuta ndiyo nzima. Weka x = 4: 12 − 2y = 6, y ni 3. Haina tatizo. Ya (2, 0) nayo ni sahihi. Sasa weka x = 0. Inabaki −2y = 6. Gawa pande zote kwa −2 na y inakuwa −3. Ninyi mmepata 3 kwa sababu alama ya kutoa imeachwa njiani. Alama hiyo ni mali ya 2, inatembea nayo. Nimelisahihisha kosa hili maisha yangu yote ya kazi, na watoto wanaolifanya si wazembe hata kidogo.

Mchungulia Uzi
Chai hii. Mzazi gani anaukumbuka mlinganyo mpaka alama zake, thamani tatu za x, na bado asione hasi? Huyu ni mwanafunzi, kazi ni ya kesho, keshapewa jibu lote. Weka picha ya daftari.

Kalamu Butu
Hata mimi nilianza kunusa. Barua iko kwenye begi la mtoto, mwandishi yuko wapi na begi liko wapi?

Rula
Na akiwa mwanafunzi? Anayeuliza kwa nini nukta tatu hazikai pamoja anastahili kujibiwa kuliko anayenakili.

Baba Binti
Picha ya daftari la mtoto siweki mtandaoni, mseme mtakavyo. Mlinganyo naukumbuka kwa sababu daftari liko mbele yangu. Ila mwalimu, mstari wetu nao si unapita kwenye nukta zake zote?

Mwalimu Mstaafu
Unapita kwenye zake, si za mlinganyo. Jaribu. Kwenye mstari wenu, soma y pale x ilipo 4, kisha irudishe kwenye 3x − 2y.

Baba Binti
Inasomeka −3. 12 kutoa −6, inakuja 18, nasi tunataka 6. Binti amesimama nyuma yangu anasoma. Anauliza: akichukua x = −2, y ni −6, na mhimili wake umeishia −5. Achore mwingine?

Mwalimu Mstaafu
Swali zuri sana hilo, mwambie. Hana haja. Achukue x = 1, y ni −1.5, nukta ikae katikati ya −1 na −2. Kutoka (0, −3) aende kulia miraba 2, apande 3, atatua (2, 0). Arudie hivyohivyo, atatua (4, 3). Huo ndio mteremko wake, unapanda. Wa kwanza ulikuwa unashuka. Rula ikigusa zote nne avute mstari mpaka ukingo wa gridi pande zote mbili, maana haukomei kwenye nukta.

Mama Pacha
Na barua?

Baba Binti
Nimeitoa begini. Lakini "Rudia" bila neno lingine bado sikubaliani nalo. Mtoto angeandikiwa tu "angalia x = 0" asingelia.

Rula
Hapo niko na wewe. Kamwambie mwalimu maneno hayohayo, na daftari jipya mkononi.