Yule mama wa funguo za maktaba leo kanivunjia heshima!

Wakuu, naandika mikono inatetemeka. Nimetoka maktaba sasa hivi. Maktaba mnaijua, na mama wa funguo mnamjua, simtaji.

Niliomba jalada moja tu la gazeti la Mambo Leo, la 1938. Babu yangu alipeleka shairi likachapwa. Ukoo mzima tunalijua kwa kusimuliwa, hakuna aliyeliona. Kitambulisho ninacho, barua ya utambulisho ina muhuri. Akanipandisha na kunishusha, akasema, "We nani mpaka ushike hayo?"

WE NANI! Mbele ya watoto wa mwaka wa kwanza! Gazeti la serikali ya Tanganyika, lilianza 1923 ili watu wasome, leo limetiwa kufuli la kuzuia tembo. Vatican yenyewe ilifungulia watafiti nyaraka zake 1881! Papa kakubali, mama wa funguo anauliza we nani. Mjukuu wa mwenye shairi, ndiye nani huyo!

Kigoda: Ulivaa viatu gani? Tupia picha kwanza.

Mleta uzi: Viatu vinahusu nini? Kasema WE NANI!

Chapakazi: Afadhali wewe uliulizwa. Mimi naambiwa mwenye ufunguo yuko semina Dodoma. Wiki ya tatu hii. Semina ya kufungua kabati?

Binti Mlamu: Ufaransa, maktaba yao ya taifa, vitabu vya matusi waliviweka chumba chake wakakiita Jehanamu, lakini walau orodha ilichapishwa. Huku kwetu hata orodha imefungiwa.

Wa Nyeri: Nyinyi mnalilia gazeti? Faili zetu Waingereza walizipakia wakaondoka nazo wakati wa uhuru, wakanyamaza miaka yote hiyo. Wazee wa Mau Mau walipowashtaki ndipo 2011 wakakiri ziko Hanslope Park, kituo cha serikali yao huko Uingereza, faili kama 8,800 za makoloni 37.

Chapakazi: Si walishazihamishia Kew, kwenye hifadhi ya nyaraka ya taifa yao London? Mtu yeyote anasoma.

Wa Nyeri: Mtu yeyote mwenye viza.

Kigoda: Viza msinikumbushe! Nimenyimwa mara mbili, hela wamekula, wanasema sikuonyesha nitarudi. Nina mke, nina ng'ombe sita!

Mleta uzi: Jamani turudi kwenye mada. Kaniambia we nani.

Binti Mlamu: Kigoda, taarifa ya benki uliweka ya miezi mingapi?

Kigoda: Sita! Na barua ya mtendaji wa kata!