Mjadala: Hela ya walipa kodi ijenge chaja za magari ya umeme kwenye haiwei (barabara kuu), au iletwe tunakolala?

Dereva wa Usiku (Columbus, Ohio)

Wakuu habari za wikendi. Naomba tujadili hili kwa utulivu, maana kila nikilileta kwa jamaa zangu hapa linaishia kwenye Biden na Trump na watu wanapandishiana sauti, na mimi siulizi habari za vyama, nauliza habari za hela yetu.

Kwa wasiofuatilia. Novemba 2021 ilisainiwa sheria kubwa ya miundombinu hapa Marekani, na ndani yake zikatengwa dola bilioni 7.5 kwa ajili ya chaja za magari ya umeme tu. Bilioni 5 ziligawiwa kwa majimbo kwa fomula, mpango wenyewe unaitwa NEVI, Ohio peke yake ikawekewa kama milioni 140 kwa miaka mitano na Texas zaidi ya milioni 400. Bilioni 2.5 zilizobaki zikawa za kuomba, mji au kaunti inaandika maombi inashindanishwa na wengine. Sasa ile ya NEVI ilikuja na masharti: stesheni kila maili 50 kwenye barabara kuu, isiwe mbali zaidi ya maili moja na njia ya kutokea, chaja zisipungue nne, kila moja itoe kilowati 150 hata zote nne zikiwa na magari kwa wakati mmoja, na ziwe nzima asilimia 97 ya muda. Serikali kuu inaweka asilimia 80, zilizobaki anatafuta mwenye mradi.

Stesheni ya kwanza nchi nzima ya huo mpango ilifunguliwa hukuhuku kwetu, Desemba 2023, barabara kuu ya I-70 inapokutana na barabara ya US-42, karibu na kamji kanaitwa London (ndiyo, London ya Ohio, msicheke). Nimeshachaji pale nikipeleka abiria Dayton. Sina lalamiko nayo kabisa.

Lalamiko langu ni kwamba mimi silali I-70. Nalala apatimenti, ghorofa ya pili, parking ya wazi haina hata plagi ya kuchajia simu. Niliwahi kuteremsha waya wa ekstensheni kupitia dirishani, asubuhi nikakuta karatasi imebandikwa mlangoni kutoka ofisini kwao, nisirudie. Kwa hiyo kila siku nachaji nje, zile chaja za haraka, ambazo umeme wake unaweza kufika mara tatu ya bei anayolipa mwenye nyumba yake mwenye gereji.

Januari moja, saa nane ya usiku, baridi ile ya kuchoma pua, nafika kwenye chaja za duka moja nina asilimia 9. Chaja ziko nne. Moja kioo cheusi. Moja waya umekatwa, wezi wanafuata shaba. Mbili zina magari, na kwenye moja jamaa kashusha kiti kalala fofofo na gari lake liko asilimia 94 linavuta umeme kwa tone tone. Nikagonga kioo nikaona aibu, nikarudi kukaa kwangu nimezima hita ili betri isiishe. Dakika 50. Ilipofika zamu yangu betri imeshakuwa ya barafu, umeme hauingii, ukiingia unaingia kwa kusuasua. Huo usiku nilichokipata kilikuwa abiria wawili.

Na kila mwaka nikisajili gari Ohio inanitoza dola 200 za ziada kwa sababu ni la umeme. Kwa hiyo naulizeni, hii hela ya umma inamfuata nani? Msafiri anayepita jimbo mara mbili kwa mwaka, au sisi wapangaji tunaotembeza hayo magari kila siku?

Baba Dizeli

Dogo pole kwa baridi ila kwangu jibu ni fupi, isimfuate yeyote. Mimi naendesha semi, lile lori kubwa la tela. Kila galoni ya dizeli ninayoweka naikatia serikali kuu senti 24.4, juu yake naweka ya jimbo. Nyie wa petroli mnakatwa 18.4, na hiyo namba haijasogea tangu 1993, hebu niambie kitu gani kingine kina bei ya 1993. Ndo maana mfuko wa barabara umekauka, tangu 2008 wanaufukia kwa hela za hazina ya kawaida. Halafu anakuja mtu asiyenunua hata tone la mafuta, hailipi serikali kuu hata senti kwenye huo mfuko, na bado anataka ajengewe sheli ya umeme kwa hela yangu. Wenye sheli za mafuta walijenga kwa hela zao. Kama biashara ya chaja inalipa si wajenge? Kama hailipi mbona mnanilazimisha mimi?

Dereva wa Usiku

Mzee wangu heshima yako, lakini hebu tupige hesabu kabla hujasema tunateleza bure. Kodi ya petroli Ohio ni senti 38.5 kwa galoni. Mtu wa kawaida mwenye gari la maili 30 kwa galoni, akitembea maili 12,000 kwa mwaka anachoma galoni 400, analipa jimbo dola 154. Mwenye gari la umeme analipa 200 hata kama gari linakaa nje tu. Nani kamzidi mwenzake?

Baba Dizeli

Haya. Na wewe wa Uber unatembea maili ngapi kwa mwaka? Sema ukweli.

Dereva wa Usiku

Kama 40,000.

Baba Dizeli

Ahaa. Maili 40,000 kwa hilohilo gari lako la mfano ni galoni 1,333. Ungelipa jimbo dola 513 na serikali kuu 245 na ushee. Unalipa 200. Mtu wa kawaida unamtaja ili ujifiche nyuma yake.

Fundi Transfoma

Nimecheka, lakini mzee kaweka goli. Ngoja niingie maana kazi yangu ni umeme, nimefunga hivi vitu, na humu wote wawili mnachanganya mambo.

Baba Dizeli, anayesema kama inalipa watajenga hajawahi kuona bili ya umeme ya biashara. Chaja nne za kilowati 150 ni kilowati 600 kwa mpigo. Kampuni ya umeme haikutozi kwa uniti tu, inakutoza pia kwa ule mshindo wa juu kabisa uliowahi kuuvuta mwezi huo. Sasa stesheni iko katikati ya mashamba ya mahindi, siku nzima yamekuja magari matano, lakini siku ya sikukuu ya Thanksgiving yalikuja manne pamoja kwa dakika 15, bili ya mwezi mzima inakuja imebeba zile dakika 15. Nani ataweka hela yake hapo? Hayupo. Mjini watajenga wenyewe, vijijini hawaendi bila kusukumwa, na mtu hanunui gari la umeme kama hana uhakika wa kumfikia mama yake mkoa wa pili. Ndo maana walianza na haiwei, haikuwa upuuzi.

Uzembe ulikuwa kwingine. Hadi Machi 2024, zaidi ya miaka miwili tangu sheria isainiwe, hizo bilioni 5 zilikuwa zimezaa stesheni 7 zenye chaja 38, kwenye majimbo manne. Saba! Watu wakasema hela imeliwa, hapana, hela haikuliwa, hela haikutoka. Idara za barabara za majimbo zinajua lami na madaraja, hazijawahi kusimamia chaja, ikabidi zijifunze kuandika tenda. Ukishapata tenda unasubiri vibali, ukipata vibali unasubiri transfoma, na transfoma siku zile ukiagiza unaweza kusubiri mwaka na zaidi. Nimeona zege limemwagwa, nguzo zimesimama, mwaka unaisha kisanduku cha umeme hakijafika, nyasi zinaota katikati ya parking.

Afu zilipoanza kushika kasi, Februari 2025 serikali mpya ya Trump ikasimamisha mipango yote ya majimbo. Majimbo kadhaa yakaenda mahakamani Seattle, Juni jaji akaamuru yale yaliyoshitaki mengi yao yafunguliwe hela zao, na Agosti serikali kuu ikatoa mwongozo mpya uliolegeza mengi, ile ya lazima kila maili 50 ikaondoka. Hiyo ya kusimamisha na kufungua mnaiona siasa, kwetu mafundi ni watu kurudishwa nyumbani.

Na wewe dereva. Unalolitaka sheria yenyewe inalikataa. Hela ya NEVI lazima iende kwenye chaja iliyo wazi kwa umma, parking ya apatimenti yenye geti na stika haihesabiki. Na zile bilioni 2.5 za kuomba nusu yake ilitengewa jamii, yaani miji, vitongoji, sehemu za kipato kidogo. Swali ni mji wako uliomba?

Nairobi Hadi Juu

Nawasoma kutoka nyumbani na nacheka. Hapa Kenya kila lita ya mafuta tunakatwa shilingi 25 za barabara, ilipanda kutoka 18 mwaka 2024, na mwenye boda ya umeme halipi hiyo. Lakini huyo mtu wa boda hakungoja serikali imjengee chaja, anafika mahali anatoa betri iliyoisha anapewa iliyojaa, dakika mbili ameenda. Ni makampuni yameweka hiyo kitu. Nyinyi mko na mabilioni na mnangoja transfoma. Si mngeanza na vitu vidogo?

Fundi Transfoma

Betri ya boda unaibeba kwa mkono ndugu yangu. Ya gari ina uzito wa ng'ombe.

Mama Wawili

Samahani naingilia, mimi niko Columbus hapahapa na sina gari, la umeme wala la mafuta. Nasafisha ofisi usiku, natoka saa kumi na moja alfajiri, basi langu la kwanza nalisubiri nje kwenye nguzo isiyo na kibanda. Novemba 2024 tulipiga kura hapa tukakubali kuongezewa nusu senti kwa kila dola ya manunuzi ili COTA, shirika la mabasi la hapa, waongeze mabasi na watengeneze njia za mabasi ya haraka, mfano wa mwendokasi. Hiyo nusu senti naitoa mimi kwenye sabuni na kwenye daftari za watoto. Sijasikia mtu humu akisema habari zake, wanaume wote mnagombania plagi.

Kaka dereva nakuhurumia kweli, lakini gari lako ni biashara yako. Kwenye sheria hiyohiyo mnayoitaja kulikuwa na bilioni 5 nyingine za mabasi ya shule yasiyo na moshi, mengi ya umeme. Basi moja linabeba watoto 60, mwanangu ana pumu, akisimama nyuma ya basi la dizeli kituoni mimi nakuwa roho juu. Ukiniuliza hela ya umma ianzie wapi, ianzie hapo, halafu kibanda changu, halafu wewe.

Baba Dizeli

Dada yangu kwa basi la shule sina ubishi.

Dereva wa Usiku

Dada nimekuelewa na sitabishana na wewe, hata mimi nikiwa mgeni hapa nililitegemea hilo basi miaka miwili.

Mzee, 513 yako imenikaa. Sawa, niko tayari kulipa kwa maili. Jimbo la Oregon walianza mpango wa hivyo 2015, wa hiari, kama senti 2 kwa maili, nikipiga hesabu ni dola 800 kwa mwaka kwangu mimi. Inauma lakini ni haki, na yule bibi anayekwenda kanisani na kurudi na gari lake la umeme asilipishwe 200 kama mimi. Ila nikilipa 800 sitaki tena kuambiwa nateleza bure, na nitadai plagi kwa sauti.

Fundi, hapo kwenye umma umenifungua macho. Basi sisemi tena parking ya apatimenti. Mtaani kwetu kuna maktaba, kuna uwanja wa mpira, kuna shule, parking zote hizo usiku ni tupu na ni za umma. Mimi sihitaji kilowati 150 nikiwa nimelala. Zile chaja za polepole za volti 240 zinanipa kama maili 25 kwa saa, nikilaza gari kwa muda wa saa nane naamka nina maili 200, na hakuna mshindo wa kilowati 600 hapo wala kusubiri litransfoma kubwa. Stesheni moja ya haiwei inaweza kumeza dola laki kadhaa mpaka milioni. Kwa hiyo hela ungefunga ngapi za hizo ndogo maktaba?

Fundi Transfoma

Inategemea na kuchimba. Kama paneli, lile sanduku la swichi za umeme, iko karibu na ukuta na huvunji lami, nyingi tu. Ukivunja lami futi 200 basi imekula kwako. Piga picha paneli ya hiyo maktaba, au angalau pima kwa miguu toka ukutani mpaka kwenye parking, niletee nikuambie. Halafu mtafute diwani wenu, maana ombi linaandikwa na mji, haliandikwi na dereva.

Baba Dizeli

Na wezi wa shaba mtawaweka wapi?

Dereva wa Usiku

Zipo zile ambazo kila mtu anakuja na waya wake, ukimaliza unaondoka nao, Ulaya wanazo nyingi. Kesho Jumapili maktaba imefungwa, nitaenda kupima. Dada, kituo chako kiko barabara gani? Kama ni njia yangu saa kumi na moja huwa narudi gari likiwa tupu.

Mama Wawili

East Main. Ila asilimia 9 sipandi.