Ukoo wa Barabara ya 12: kesi ya shule

JUMATATU

Dada Zuhura 20:11
Asalaam aleykum ukoo. Kesi ni Alhamisi saa tatu asubuhi, Mahakama Kuu hapa Tanga. Safari hii si kutajwa, ni usuluhishi. Kila mtu aandike: anakuja au haji.

Dada Zuhura 20:14
Wakili anataka daftari la mihutasari, cheti cha usajili wa wadhamini, na laki mbili tulizobakiza. Mkononi nina laki moja na kumi.

Dada Zuhura 21:40
Watu 19 mmesoma. Kimya.

Sele Makorora 21:52
Alhamisi si Coastal Union yupo uwanjani Mkwakwani?

Shangazi Duga 21:53
😂😂 Huyu naye. Jezi ya mwanangu uliyoazima iko wapi?

Sele Makorora 21:53
Inafuliwa Shangazi

Dada Zuhura 21:58
Jamani! Walimu mwezi wa tatu huu hawajalipwa, benki haijui imsikilize nani. Pande mbili, kila mmoja na mhuri wake, kila mmoja anajiita mdhamini wa shule. Darasa la saba wana mtihani Septemba. Watoto wa watu wale.

JUMANNE

Kaka Hatibu (Dar) 06:30
Shikamoo wakubwa. Nilikuwa safarini. Cheti kile ni cha enzi za ofisi ya Kabidhi Wasii Mkuu, kabla ya RITA, wakala wa serikali anayesajili wadhamini sasa. Wanne kati ya waliotajwa mle wametangulia mbele ya haki na hatukupeleka mabadiliko ya majina. Wenzetu wamepitia mlango huo.

Dada Zuhura 06:41
Nimelisema hilo miaka.

Shangazi Duga 07:05
Cheti alikaa nacho kaka yangu, baba yako. Na kile kiwanja cha nyuma chenye minazi saba, nani alitia sahihi kiuzwe?

Dada Zuhura 07:06
Shangazi, marehemu tumwache apumzike.

Binamu Chumbageni 07:20
Minazi ilikuwa sita.

Shangazi Duga 07:21
Saba. Madafu yake nimeyaangua mimi.

Dada Zuhura 07:44
[Picha]
Daftari hilo. Mchwa wamekula kona ya juu, ila ukurasa wa wakfu mzima. Babu kaandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu. Nani atatunakilia kwa herufi za kawaida ili mahakama isome?

Sele Makorora 07:50
Mie nimeishia alifu be te

Kaka Hatibu (Dar) 07:52
Bibi anasoma.

Salma 11:20
Naandika anavyosema Bibi, neno kwa neno:
"Nimeusoma kwa miwani ya babu yenu. Pameandikwa, nimeiweka wakfu kwa watoto wa mtaa. Hapakuandikwa wanangu. Wakfu hauuzwi, hautolewi zawadi, haurithiwi. Mnakwenda kortini warithi wa nini? Mwaka Coastal alipochukua ubingwa, 88, nilibeba kokoto kwa karai, mtaa mzima tulibeba. Wajukuu wa wenzangu hao ndio leo mnawaita upande wa pili."
Amemaliza. Ameomba maji.

Dada Zuhura 14:05
Shikamoo Bibi. Nimesikia.

Kaka Hatibu (Dar) 14:16
Bibi kagusa penyewe. Wadhamini waliosajiliwa hushtaki kwa jina la bodi yao. Tukisimama kama warithi wataweka pingamizi la awali, tutolewe kabla hatujasikilizwa. Zuhura, hati ya madai inasemaje?

Dada Zuhura 14:31
Inasema warithi.

Dada Zuhura 14:33
Kesho asubuhi naenda kwa wakili kuuliza kama inarekebishika. Nani atakwenda kuzungumza na mzee wa upande wa pili kabla ya Alhamisi?

Shangazi Duga 15:10
Nitakwenda mimi, tulikaa dawati moja. Ila la minazi sijalisahau.

Sele Makorora 16:02
Nimetuma elfu 20.

Dada Zuhura 16:04
Ahsante mdogo wangu. Laki moja na thelathini. Wengine? Na Bibi Alhamisi analetwa na nani? Mguu ule, bajaji hapandi.

Kaka Hatibu (Dar) 18:47
Nikiwahi kutoka kesho usiku nitampitia na gari. Nitathibitisha.