Muziki wa Babu

Kaka Mkubwa: Shikamooni. Nimewatumia muziki niliomtungia marehemu Babu, ni piano tupu, dakika nne hivi. Vaeni hedifoni, sauti za chini zinapotea kwenye simu.

Shangazi: Marahaba mwanangu. Nimesikiliza, machozi yamenitoka. Ila mbona huzuni mwanzo mwisho? Baba alikuwa mtu wa kucheka.

Baba Mdogo: Kweli dada. Hapo naisikia misiba yote, Baba mwenyewe simsikii.

Kaka Mkubwa: Nilikaa kwenye piano na majonzi yangu, Shangazi, ndiyo yakatoka hayo.

Dada: Majonzi si lazima yapigwe polepole, kaka. Ravel, yule mtunzi Mfaransa, alimaliza Le Tombeau de Couperin mwaka 1917, vipande sita vya piano, akavitoa kwa kumbukumbu ya marafiki waliokufa Vita Kuu ya Kwanza. Na vitatu humo ni vya mitindo ya dansi! Mimi kile cha Rigaudon, dansi ya zamani ya Kifaransa, kinaniliza kuliko maombolezo yoyote, kwa sababu unawasikia watu wakiwa hai.

Baba Mdogo: Elgar naye, mtunzi Mwingereza, 1899, aliwaandikia rafiki zake vipande, kila mmoja na tabia yake. Kimoja kinaanza kwa kumwigiza mbwa wa rafiki yake: anaporomoka ukingoni, anatumbukia mto Wye, anaogelea, akifika nchi kavu anabweka. Yote hayo ndani ya sekunde chache!

Kaka Mkubwa: Basi nipeni kitu cha Babu cha namna hiyo.

Shangazi: Mluzi wake. Akikaribia mlango anapiga sauti tatu, mbili za chini, ya tatu inapanda halafu anaikata ghafla. Mama anamjibu kutoka ndani, vilevile, ila yeye ile ya mwisho anaivuta.

Dada: Jamani! Mkono wa kushoto uite, wa kulia ujibu.

Kaka Mkubwa: Na baadaye jibu lianze kabla mwito haujaisha, kama watu waliozoeana. Huo mwendo wa taratibu nautoa wote.

Baba Mdogo: Usiutoe wote. Bakiza kidogo katikati, tumelia kweli.

Kaka Mkubwa: Sawa Baba Mdogo. Shangazi, jirekodi ukipiga huo mluzi nijue ile ya tatu inapanda kiasi gani. Na ile ya Bibi pia.

Shangazi: Ya Bibi nitamwomba aipige mwenyewe. Ameamka, ngoja nimpelekee simu.