Naweza kuishi kwa kutunga muziki wa filamu na tamthilia nikiwa Mbeya?

KinandaMwanjelwa:
Wakuu habari za jioni. Nipo hapa Mwanjelwa, napiga kinanda kwaya ya kanisani na biti natengeneza kwenye programu ya FL Studio. Sasa kuna jamaa wa Iringa anashuti tamthilia, anataka nimfanyie muziki wote yaani wa kufungulia, wa huzuni, wa fumanizi, kila kitu, afu anilipe kwa mkupuo haki zote zibaki kwake. Hii kazi inaendesha maisha kweli au ni ya kusindikizia biti za wasanii? Na naanzia wapi maana mi nimezoea mtu anakuja kuingiza sauti, sio picha

Gangilonga_sauti:
Kamwene mkuu. Inaendesha, ila ubiti uache mlangoni. Watu wa biti wanajaza kila sehemu, kick, bezi, kinanda juu, mpaka maongezi hayasikiki. Pale mama anapomwambia binti "huyo sio baba yako" we uwe umeshanyamaza, au umebaki na noti moja ndefu chini huko, kinanda kije binti akishageuka aondoke. Kaeni mtazame wote kipindi kizima, aseme muziki uingie wapi na utoke wapi, andika dakika na sekunde. Na asikupe picha ambayo bado anaikatakata, maana akipunguza sekunde nne tu huko mwanzo kila kitu kinahama. Muulize anashuti frem ngapi kwa sekunde, 24 au 25, na ukitoa faili toa WAV ya 48 kHz, ile ya video, sio 44.1 ya CD

mzee_wa_soweto:
Nyie mnampa kijana matumaini hewa. Hawa madairekta wetu wanachomoa muziki YouTube wanabandika, nani atamlipa mtunzi

Ilomba1:
@mzee_wa_soweto hapo hapo ndo penye hela mzee wangu. Wakibandika wa kuchomoa wakapandisha kipindi YouTube kinapigwa klemu, hela ya matangazo inaenda kwa mwenye muziki. Dairekta akishaumia hivyo mara moja anamtafuta mtunzi mwenyewe bila kuambiwa.

Kwa mleta uzi, usiuze haki zote kwa bei ya chai. Andikishianeni kwamba anautumia kwenye tamthilia hii tu, akiutaka kwenye tangazo au tamthilia nyingine mnakaa upya. Akikomaa na haki zote basi bei ipande, na ipige kwa dakika za muziki sio kwa kipindi, kuna kipindi kina muziki dakika tano na kingine ishirini. Nenda na COSOTA, ile ofisi ya hakimiliki, usajili kazi zako. Halafu kila kipindi tengeneza kyu shiti, ni orodha tu ya kila kipande, jina lake, nani katunga, kimechezwa sekunde ngapi. Wenzetu Marekani, ASCAP na BMI, hao wakusanya mirabaha ya watunzi, wanagawa mirabaha ya TV kwa kufuata hiyo karatasi, jina lako lisipokuwepo hupati kitu hata muziki uchezwe mwaka mzima

Gangilonga_sauti:
Nakazia. Halafu we una kwaya mkuu, unajua hiyo ni mali? Baba Yetu ya Christopher Tin ni ya gemu, 2005, kwaya inaimba Kiswahili, mwaka 2011 ikabeba Grammy. Na mtunzi Ludwig Göransson kabla ya kufanya muziki wa filamu ya Black Panther alienda Senegal akazunguka na mwanamuziki wa kule Baaba Maal, akarudi na ngoma za kule, Oscar ya 2019 akachukua. Sasa we upo Mbeya, ing'oma, ngoma za Wanyakyusa, zinapigwa hapo Rungwe, unaendelea kutumia vayolini ile ile ya kudaunlodi ambayo kila mtu anayo?

KinandaMwanjelwa:
Asanteni sana wakuu, hiyo ya kulipwa kwa dakika sikuwahi kuiwaza kabisa. Jamaa anapanda huku Jumamosi namwekea karatasi mezani kwanza. Kuna mwenye rekoda anaazimisha? Nataka nikarekodi ing'oma Tukuyu ila simu yangu upepo kidogo tu inavuma

Ilomba1:
Ninayo, njoo PM. Ila Tukuyu nenda asubuhi, mchana mvua ya kule ikishagonga bati hurekodi kitu

mzee_wa_soweto:
Akikubali hiyo karatasi njoo utuambie, mi nakaa hapa hapa