Naomba ushauri: riwaya yangu ya mtu asiyezeeka

Mwana wa Ngomeni: Assalam aleikum ndugu zangu. Naandika riwaya ya kisayansi. Inaanzia huku kwetu Ngomeni, Malindi, kwenye jukwaa la San Marco baharini, ilikorushwa setilaiti ya Uhuru tarehe 12 Desemba 1970. Mhusika wangu, fundi wa mitambo, baadaye anatiwa jeni inayozuia ncha za kromosomu, zile nyuzi zinazobeba jeni ndani ya seli, kufupika kila seli inapogawanyika. Tangu hapo hazeeki. Sitaki uganga wala majini. Nataka anayejua bayolojia asome asinikamate popote. Ila sura ya sita kafika miaka 190, hakuna linalomtisha, na hadithi imelala. Nifanyeje?

Fundi wa Maabara: Msingi wako una ukweli. Mwaka 1961 mwanabayolojia Hayflick alionyesha kwamba seli za binadamu zikikuzwa maabara hugawanyika mara 50 hivi, kisha basi. Kimeng'enya kinachorefusha zile ncha ni telomerasi. Sasa shika hili: seli nyingi za saratani huishi bila kikomo kwa kuwasha telomerasi hiyo hiyo. Kilichomwondolea uzee ndicho kimvizie kila mwaka. Ukitaka kumpa kinga, usiende mbali. Fuko asiye na manyoya, wa nchi kavu za Kenya, Ethiopia na Somalia, huweza kupita miaka 30, na saratani kwake ni adimu mno.

BintiShela: Kaka, kutozeeka si kutokufa. Tuseme kila mwaka ana nafasi 1 kati ya 1,000 ya kufa kwa ajali. Kwa wastani ataishi kama miaka 1,000, lakini kesho kusi ikichafuka anaweza kuzama kama mvuvi yeyote. Mimi ningemwonyesha anavyoanza kukwepa mashua, mwisho hata ufukweni hashuki. Mtu wa Ngomeni anayeogopa bahari! Hapo nitasoma mpaka alfajiri.

Mzee wa Mkomani: Mwanangu, kila nafsi itaonja mauti, hilo usilivunje, na binti hapo juu kakuonyesha njia. Langu ni nyumbani. Watoto wake anawazika yeye? Mjukuu mwenye mvi anamwamkiaje babu mwenye uso wa kijana? Na mirathi? Baba hafi, shamba la minazi haligawanywi, vitukuu wanazeeka wakingoja.

Mwana wa Ngomeni: Shukran sana. Mzee, sura ya sita sasa inafunguka kwa kadhi, kitukuu wa miaka 70 akidai minazi. Fundi, nikikutumia kurasa za saratani utanipitishia jicho?

Fundi wa Maabara: Tuma. Na andika kipimo chenyewe, uvimbe unaonekanaje kwenye picha, usiseme tu "aliugua".